Milioni Arobaini na Mbili za Mama Brian

Ferista Silwimba hajawahi kushika shilingi milioni tano kwa mkupuo mmoja. Nasema hivyo kwa uhakika, kwa sababu namjua tangu alipofika Tunduma akitokea Itaka, bibi harusi wa Sebastian, fundi wa matairi ya malori. Duka langu la kuchapa barua na kutoa kopi linatazamana na banda la Sebastian. Wakikosa unga najua, wakipata najua.

Kazi yake ni kupika kwenye shughuli. Ikitokea harusi, msiba au kipaimara, wanamwita Mama Brian na masufuria yake sita. Mchele wa Kamsamba anaupima kwa jicho tu, na hauungui. Hata ng'ambo ya mpaka, Nakonde ya Zambia, anakoishi mdogo wake Priska, huwa wanamwita wakati wa harusi.

Kampeni za uchaguzi uliopita zilipopamba moto, alimjia kijana mmoja anaitwa Yesaya, meneja wa kampeni wa mgombea ubunge. Chama chake sikitaji, maana niliyoyaona siku zile hayakuwa ya chama kimoja.

"Shikamoo mama," alisema Yesaya. "Tuna wageni mia sita, siku tatu. Tumeambiwa hapa mjini mpishi ni wewe."

"Marahaba, mwanangu. Nyama na mchele nani analeta?"

"Hivyo usijali. Wewe pika."

Akapika. Mji mzima tuliona ng'ombe wakishushwa kutoka kwenye lori la tajiri mmoja wa usafirishaji, yule ambaye mwaka mzima alikuwa akihangaikia eneo kubwa la kuegesha malori yake. Tuliona mafuta ya magari ya kampeni yakijazwa kwa hesabu yake. Hakuna aliyeuliza. Sheria ya Gharama za Uchaguzi inamtaka mgombea aseme fedha zake zimetoka wapi, nasi tukajiambia kwamba wenye kazi hiyo wataliona lori kama sisi tulivyoliona.

Siku ya tatu Yesaya alimlipa Ferista ujira wake, laki nne na nusu. Akamtolea karatasi iliyokunjwa nusu, sehemu ya kusaini ndiyo iliyoonekana.

"Ni ya kuthibitisha kwamba umepokea, mama. Na kopi ya kitambulisho, kwa ajili ya malipo."

Kopi hiyo niliitoa mimi, Sekela, kwa mashine yangu, kwa shilingi mia moja. Tulicheka siku ile, tukasema angalau hawa wanalipa kwa karatasi.

Uchaguzi ukapita, mgombea akashinda, tajiri akapata eneo lake. Baada ya miezi mitano orodha ya wachangiaji wa kampeni ile ilivuja, ikaanza kuzunguka kwenye magrupu ya WhatsApp. Niliifungua nikiwa dukani. Nilitafuta jina la mwenye lori, sikulikuta. Mstari wa nne ulisema: Ferista Silwimba, mfanyabiashara, Tunduma, mchango wa hiari, shilingi milioni arobaini na mbili. Namba ya kitambulisho ilikuwepo. Na saini ilikuwa yake, ile yenye F ndefu kama mwiko.

Nilivuka barabara nikamwonyesha. Alisoma mara mbili, midomo ikitikisika.

"Sekela, hii ni mimi?"

"Ni wewe."

"Mimi nimempa mtu milioni arobaini na mbili?"

Kabla jua halijazama mji wote ulikuwa umeshaona. Tumpale, mwenyekiti wa kikundi chao cha kukopeshana, alimwambia mbele ya wanawake wote, "Mwezi wa pili ulitulilia hapa kwa ajili ya ada ya mtoto. Kumbe unalisha wabunge!" Wakamsimamisha asikope mpaka ajieleze. Wengine walimcheka, wengine wakaanza kumwita bosi. Hayo aliyavumilia.

Alichoshindwa kuvumilia ni swali la Sebastian. Mume wake hakupiga kelele. Aliweka spana chini, akafuta mikono kwa kitambaa, akauliza taratibu, "Mama Brian, hizo pesa ulipewa na nani? Maana mimi sikukupa." Mwanamke amelala na mtu miaka kumi na tisa, ameosha ovaroli zake za grisi, halafu anaulizwa swali lile kwa sababu mtu fulani mwenye tai alihitaji jina la maskini la kumfichia tajiri. Ferista aliniambia baadaye kwamba usiku ule wote hawakusemeshana, na kwamba ndipo hasira ilipomwingia na kukaa.

Kesho yake alikuja dukani akavuta kigoda. "Andika," aliniambia. Tukaandika barua ya kwanza, ya kuukana mchango ule.

Tulipanda gari mpaka Vwawa, kwenye ofisi tuliyoelekezwa. Siitaji jina, na ofisa tuliyemkuta alikuwa mpole, alitupa hata viti. Alifungua jalada.

"Fomu imejazwa, imesainiwa, ina kitambulisho," alisema. "Imekamilika, mama."

"Imekamilika kwa nani? Kuna mtu alinipigia simu kuniuliza?"

"Sisi hapa tunapokea tu."

"Baba, nikija hapa nikakwambia wewe umenipa ng'ombe hamsini, na nina kopi ya kitambulisho chako, utapokea tu?"

Ofisa alitazama dirishani. Aligonga mhuri kwenye barua yetu kwamba imepokelewa. Tuliondoka na mhuri huo, basi.

Wiki ile ile Yesaya alikuja mwenyewe, akamkuta Ferista dukani kwangu. Siku hizo alikuwa msaidizi wa mheshimiwa, na gari lake alilipaki mbele ya banda la matairi.

"Mama, mbona unahangaika? Ni mambo ya makaratasi tu. Hujapoteza hata senti." Akaweka bahasha mezani. "Mheshimiwa anasema pole kwa usumbufu."

Ferista hakuigusa. "Yesaya, niambie jambo moja. Ng'ombe walikuwa wa nani?"

"Mama, hayo ni ya wakubwa."

"Basi andika jina la huyo mkubwa pale ulipoandika langu."

Sebastian alikuwa amesimama mlangoni, amesikia yote. Alichukua bahasha ile, akamfuata Yesaya mpaka kwenye gari, akaitupia kwenye kiti. Alirudi ndani, akakaa karibu na mkewe, akaomba msamaha. Mimi nilijifanya natafuta wino.

Ulipotangazwa mkutano wa kutoa maoni kuhusu marekebisho ya sheria za uchaguzi, uliofanyika ukumbini Vwawa, Ferista alikuwa wa kwanza kujiandikisha. Walikuja wanasheria, viongozi wa vyama, watu wa mashirika. Walizungumza kwa vifungu na vifungu vidogo, saa mbili nzima, wala hakuna aliyetaja lori. Zamu yake ilipofika walimpa dakika tatu.

"Naitwa Ferista Silwimba," alisema. "Mnasema mnataka sheria imlazimishe mchangiaji ajulikane. Mimi najulikana sana. Nimo kwenye orodha yenu, mstari wa nne. Nimechanga milioni arobaini na mbili, na mwanangu yuko nyumbani kwa kukosa ada."

Ukumbi ulicheka. Yeye hakucheka.

"Mnacheka nini? Mimi nilipika. Niliwalisha watu mia sita, nikalipwa jasho langu, kisha wakachukua jina langu wakamfunika nalo mtu. Kama hamuwezi kumpigia simu mpishi mmoja mkamuuliza, 'Mama, pesa hii ni yako?', hiyo fomu yenu ni ya nini?"

Mwenyekiti wa kikao aligonga meza. "Mama, tafadhali jikite kwenye vifungu."

"Vifungu sivijui. Wanaovijua ndio walionifanya tajiri."

Safari hii hakuna aliyecheka. Mwanasheria mmoja kijana alimfuata nje, akampa namba yake ya simu. Sisi tulirudi Tunduma tukidhani angalau maneno yameandikwa mahali.

Barua kutoka ofisi ile ya Vwawa ilikuja baada ya miezi mitatu. Ilieleza kwamba mheshimiwa amewasilisha fomu iliyorekebishwa, kwamba jina la Ferista liliingia kwa "dosari ya kiuandishi," na kwamba limeondolewa. Nakala ya orodha mpya iliambatanishwa. Nilimpongeza. Lakini yeye alikuwa amepitisha kidole mpaka mstari wa nne.

"Soma hapa," alisema.

Alinanuswe Kibona, mkulima, Ileje. Mchango wa hiari. Milioni arobaini na mbili.

Mtu mwingine angeshukuru Mungu na kurudi jikoni. Kwa kweli mimi nilimshauri hivyo. Nilimwambia jina lako limetoka, Tumpale amekuomba radhi, Sebastian ameelewa, unataka nini tena? Alinitazama kama vile mimi ndiye niliyeandika fomu ile.

"Wamenitua mimi, wakamtwisha mkulima wa watu. Na yeye lazima ana mke, Sekela."

Tulisafiri siku nzima kupanda milima ya Ileje, tukiuliza njiani. Tulimkuta Mzee Alinanuswe akianika kahawa yake uani. Ana ekari moja na robo. Alivaa miwani iliyofungwa kwa uzi, akaisoma orodha polepole, akavua, akavaa tena.

"Hawa ni wale vijana wa kampeni," alisema mwishowe. "Walichukua kitambulisho changu, wakasema wananiandikisha niwe wakala wa kituo cha kupigia kura. Niliwasainia. Hata posho ya uwakala sikuipata."

"Shikamoo tena, baba," alisema Ferista. "Samahani. Nilipigania jina langu liondolewe, sikujua wataweka lako."

"Binti yangu, wewe hukuweka." Mzee alikunja karatasi, akaita mkewe amletee koti. "Hao walioweka wanakaa wapi?"

Yule mwanasheria kijana aliandika malalamiko ya watu wawili badala ya mmoja, na safari hii hayakupokelewa kwa mhuri tu. Shauri lilifunguliwa mahakamani. Yesaya aliitwa, akasema alitumwa. Alipoulizwa nani alimtuma, akaomba muda. Tajiri wa malori bado anaegesha malori yake, mheshimiwa bado anaitwa mheshimiwa, na kazi nyingi za shughuli sasa anapewa mpishi mwingine, kwa sababu waandaaji wanasema Mama Brian ana maneno. Shauri limeahirishwa mara mbili hadi naandika haya. Mara zote mbili Ferista na Mzee Alinanuswe walikuwa wamekaa kwenye benchi la mahakama kabla karani hajafungua mlango.