Majina ya Waliopigwa Risasi

Mimi ndiye niliyempigia mwandishi mmoja chapa mswada wa filamu yake pale mjini Łódź. Mwandishi yule alikuwa na vidole vya manjano kwa sigara, na kila sentensi aliitamka kwanza huku akigonga meza. "Hapana, Bi Zenobia, futa. Mchomelea vyuma hasemi kama gazeti!" Aliandika habari za wafanyakazi wa kiwanda cha meli waliopandishiwa bei ya nyama, wakaandamana, wakamiminiwa risasi na serikali iliyojiita ya wafanyakazi. Kila marehemu alimtaja kwa jina lake halisi, na kila jina alinisomea mara mbili, herufi kwa herufi, nisije nikakosea.

Mkaguzi wa filamu wa Chama tawala alipokuja, aliyakata majina yote kwa wino mwekundu. "Andika 'wahuni', bwana, filamu yako ipite. Nani atauliza?" "Mama zao," mwandishi akasema. "Mliwazika watoto wao kwa siri kama mizoga. Leo mnataka niwafukie tena kwa kalamu?" "Basi hakuna filamu." "Isiwepo!" Akaukwapua mswada mezani. Jumamosi tukapanda treni hadi kiwanda kile cha meli, akawasomea wafanyakazi mswada kwenye bwalo la chakula. Alipomtaja Ludomir Wrona, mchomelea vyuma wa miaka ishirini aliyeuawa siku ile, watu mia tatu waliweka vijiko chini, wakasimama. Mwandishi akashindwa kuendelea. Mpishi mmoja akaja na aproni yake, akamchukulia karatasi mkononi, akaendelea kusoma.