Jioni ya Kulamawe Waliyoikata kwa Mkasi

Siku yangu ya kwanza kazini kwenye karakana ya kufuma ya Isiolo, mwanzoni mwa miaka ya sabini, Msimamizi wa Uzi alinitupia fungu la manyoya ya ngamia na kuniamuru nikae nje, nisokote huku nikitazama Isiolo ikipambazuka. "Usipoweka kitu ndani ya huo uzi, rudi kwenu Bulla Pesa ukabebe magunia kama baba yako," alisema. Nikasokota. Jua lilipochomoza, uzi ulipata joto kati ya vidole vyangu, ukawa rangi ya chai ya maziwa, kisha ya chungwa lililoiva. Msimamizi aliushika, akaunusa. Wote walioajiriwa pamoja nami walirudi na uzi mweupe. Mimi nilirudi na alfajiri.

Nawaandikia ninyi vijana kwa sababu nimechoka kusikia kwamba kazi yetu ilikuwa mazingaombwe. Ilikuwa taaluma yenye masomo na mitihani, na stashahada yake ninayo. Niliipata ng'ambo kwa kujisomesha mwenyewe, bila mjomba wala mbunge wa kunishika mkono. Niliporudi, hapakuwa na mtu mwingine Isiolo nzima mwenye karatasi kama yangu.

Kazi yenyewe ilikuwa hivi. Kwanza ni kudaka, yaani kusokota wakati uleule saa inapopita, macho yako yakiwa juu ya kitu unachotaka kukihifadhi. Halafu ni kulaza: uzi hufungiwa ndani ya kibuyu mpaka upoe, maana ukifumwa ukiwa moto rangi huchuruzika. Mtande, zile nyuzi zinazonyooshwa kwanza kwenye mtambo, ndio hubeba saa. Mshindio unaopita katikati hubeba rangi. Mwisho ni pindo. Fundo la mwisho la pindo halifungwi na fundi, hata awe mimi. Hufungwa na mwenye saa, yaani yule aliyeomba idakwe, kwa mkono wake. Kabla ya fundo hilo kitambaa kiko wazi kama mtungi usio na kifuniko, na ukikikata, saa inamwagika.

Baada ya masomo nilipangiwa Rapsu, tulikokuwa tukiosha manyoya kwa maji ya mfereji wa mashamba. Mkaguzi wa huko hakuwapenda wasomi. "Diploma inaosha manyoya?" aliniuliza mbele ya wafanyakazi.

"Inaosha kuliko kelele, Bwana Mkaguzi."

Walicheka, naye akacheka, na tangu siku hiyo tukaheshimiana. Nilirudishwa Isiolo nikiwa Fundi Mkuu. Hapo ndipo nilipokutana na Meneja aliyeletwa kutoka Nairobi, mtu ambaye hakuwahi kusokota hata kamba ya kufungia mbuzi.

Katikati ya miaka ya themanini, ukame ulipoanza kubana, mama mmoja Mborana kutoka kijiji cha Kulamawe alikuja karakanani akiwa na mtoto mgongoni. Tulimwita Mama Guyo, kwa jina la mtoto huyo.

"Salaam aleikum. Wewe ndiye yule kijana wa Kiturkana aliyepanda ndege kwenda kusomea uzi?"

"Aleikum salaam, Mama. Ndiye mimi."

"Ajabu. Sisi tunasokota tukiwa tumekaa chini tu."

"Na bado umekuja kwangu."

Alicheka sana, kisha kicheko kikakatika. "Ng'ombe wanakwisha, Fundi. Nataka unishikie jioni moja, wakirudi kisimani. Huyu Guyo atakua bila ng'ombe hata mmoja. Nikimwambia tulikuwa watu wenye mali, atasema mama anaota."

Nilikwenda Kulamawe. Nilikaa karibu na kisima, nikasokota wakati ng'ombe wakitokea ndani ya vumbi jekundu, kengele zao za mbao zikigongana, Mama Guyo akiwaita kwa majina mmoja mmoja. Kazi bora kuliko ile sijaifanya, na sijaona fundi mwingine akiifanya. Niliporudi mjini nikaulaza uzi, nikaufuma, na ukisogeza sikio kwenye kitambaa ulisikia ng'ombe wakinywa maji. Nikakiacha kwenye mtambo, kikimsubiri mama apate lori la kumleta mjini kufunga fundo lake.

Kabla hajafika, wakaja wageni rasmi. Meneja alitaka zawadi za kuwapa.

"Hicho kinangoja nini?" aliuliza.

"Kinamngoja mwenyewe, Bwana Meneja."

"Mwenyewe ni waziri?"

"Ni mama wa Kulamawe. Hajafunga pindo. Kikikatwa sasa, kimekufa."

"Mtamfumia kingine. Si unajisifu kila siku umesoma?"

"Nimesoma, ndiyo maana nakwambia saa haidakwi mara mbili!"

Aliwaamuru walinzi wanishike mikono. Akakitoa mwenyewe kwenye mtambo, akakipeleka ukumbini, mimi nikishikiliwa mlangoni, na mbele ya wageni akatia mkasi ili kila mmoja apate kipande. Ilikuwa adhuhuri, lakini ukumbi wote ukawa mwekundu. Vumbi lilipita juu ya viti. Kengele zikalia, na sauti ya Mama Guyo ikaita jina la ng'ombe mmoja, ikakatika katikati. Kisha ikawa adhuhuri tena, na vile vipande vikawa vitambaa vyeupe vya kufutia meza.

Wageni wakapiga makofi. Waliona ni maonyesho! Meneja akainama kuwashukuru.

Mama Guyo alifika wiki iliyofuata. Nilimweleza yote, sikuficha jina wala cheo cha aliyefanya. Alinisikiliza, akamweka mtoto vizuri mgongoni.

"Basi daka tena, Fundi."

Alitazama mtambo mtupu, akajijibu mwenyewe. "Kweli. Udake ng'ombe gani?"

Meneja alipandishwa cheo. Mimi niliacha kazi wiki hiyohiyo, nikajenga karakana yangu Bulla Pesa kwa mikono hii, na ikasimama bila msaada wa ofisi yoyote. Sasa nimestaafu. Watu huniambia hasira haimfai mtu wa umri wangu, nisamehe. Nisamehe nini? Aliyeibiwa si mimi. Guyo ni mtu mzima sasa, anapakia mchanga kwenye malori, na hajui mama yake alikuwa akiwaita ng'ombe kwa sauti gani. Vijana ninaowafundisha nimewawekea sharti moja: mwenye saa akae kando ya mtambo mpaka afunge fundo na kuondoka na kitambaa chake. Asiyekubali aende akashone sare za shule.

Majuzi alikuja binti wa yule Meneja, mwenye adabu, akaniamkia shikamoo. Baba yake ni mgonjwa. Anataka nimdakie jioni moja akiwa na wajukuu wake.

"Nenda kwa fundi mwingine," nilimwambia.

"Wote wanasema hakuna anayekufikia wewe, Mzee."

"Wanasema kweli. Mimi sifanyi."

"Tafadhali, Mzee wangu. Hana saa nyingi zilizobaki."

"Basi asizipoteze kuningoja mimi."