Mtu wa Nyabiondo Aliyekufa Mara Tisa

Léonard wa Nyabiondo analima maharage kama jirani zake, ila jirani zake hawajafa mara tisa. Tangu watengeneza filamu wa Goma wagundue kwamba anaweza kubana pumzi mpaka watu waingiwe na hofu, kila palipohitajika maiti aliitwa yeye. Alikufa kwa homa, akafa kwa pikipiki, na katika mchezo mmoja wa televisheni alikufa hata kabla jina la mchezo halijatokea. Jina lake mwenyewe halikutokea popote, lakini alitembea kijijini kifua mbele kama mtu mwenye cheo.

Matata yalianza na kifo cha kwanza. Mama mkwe wake, Joséphine-Marie wa Buleusa, alionyeshwa kwenye simu kipande cha filamu: mkwewe ndani ya jeneza, watu wanalia. Hakuna aliyemweleza kuwa ni mchezo. Akanyoa nywele, ukoo ukakaa matanga siku tatu, na siku ya nne Léonard akafika na mkewe Mamy na mfuko wa maharage, akisalimia kwa furaha.

Kwa desturi ya ukoo ule, mtu aliyeliliwa naye yu hai haruhusiwi kula pamoja na wakwe mpaka mama mkwe amwite kwa jina, naye aitike mbele ya watu. Mama alikataa kumwita, na vifo vya filamu vikazidi kuja.

"Anakufa kila mwaka," alimwambia Mamy. "Akimaliza kufa, hapo njo nitamuita."

Kwa miaka saba, kila walipokwenda Buleusa, Léonard alikula peke yake nyuma ya jiko. Iliuma. Angeacha filamu yangekwisha, lakini nani amtoe mwigizaji mbele ya kamera? Akawa anaomba tu apewe nafasi ya mtu hai, tena mwenye la kusema. Mwaka huu alipewa: baba mzee, sentensi moja. Aliifanyia mazoezi shambani mpaka maharage yakachoka kumsikia.

Filamu ilipoonyeshwa katika ukumbi wa kanisa la Buleusa, mama alikaa mbele, Léonard na Mamy nyuma. Léonard akatokea ukutani, mzima wa afya, akafungua kinywa, na ikatoka sauti nzito ya mtu mwingine. Studio walikuwa wamembadilisha sauti bila kumwambia. Aibu ilimjaa, na kwa mara ya kwanza alitamani kufa bila kuombwa.

Mama mkwe akasimama mbele ya picha.

"Hii sauti haiko ya mukwe wangu," alisema. "Yake ninaijua. Miaka saba ananisalimia kule nyuma ya jiko, mimi ninanyamaza tu." Akawageukia watu. "Léonard."

"Niko hapa, mama."

"Sema ile maneno yako."

Léonard akasimama, akaisema kama alivyoifanyia mazoezi:

"Mutoto wangu, rudi ku nyumba."

"Wewe mwenyewe njo unarudi," mama akamjibu. "Twende, chakula iko inapoa."