Mama Mkwe Juu ya Ngamia

Nilipoenda kuposa kule Kebirigo, nilimwambia mamake mchumba wangu kwamba mimi hufunza ngamia. Ukweli ni kwamba Hassan ndiye mwenye ngamia na ndiye huwafunza. Mimi huvuta kamba tu watu wakipanda, na kuzoa kinyesi.

Juzi mama huyo akaja soko la Keumbu, tunakofanyia kazi, kujionea. Hassan alikuwa ameenda msikitini, ngamia amepiga magoti, na mama akapanda kabla sijapata kisingizio. Ngamia akasimama. Nikamzungusha uwanjani huku nikiomba Hassan arudi, kwa sababu neno la kumpigisha magoti sikulijua.

"Inatosha, mwanangu, nishushe," mama akasema.

Nikajaribu Kiswahili, nikajaribu Kikisii, nikavuta kamba hadi jasho likanitoka. Ngamia akaendelea kutafuna. Watu wakaanza kukusanyika.

Mwishowe Hassan akatokea, akatamka neno moja la Kisomali, na ngamia akapiga magoti taratibu.

"Pole, mama," akasema. "Huyu kijana bado ni mgeni kazini. Hata ngamia wenyewe anawaogopa."

Mama akashuka, akafunga leso yake vizuri.

"Kumbe mwalimu ndiye huyu," akasema, akampa Hassan mkono. Mimi nilibaki nimeshika kamba.