Kikao Juu ya Tumbo la Mama Pacha

Mama Pacha alikuwa fundi wa makochi, na fundi kwelikweli. Alijaza misumari midogo mdomoni, akaitoa mmoja mmoja kwa ulimi, mkono mmoja ukivuta kitambaa na mwingine ukigonga nyundo, na bado akapata nafasi ya kumtania mteja kwa pembe ya mdomo. Wanaume aliofanya nao kazi pale karakana walimwita bosi, ingawa bosi hakuwa yeye.

Alikuwa na watoto sita. Wa kwanza ni wale pacha waliompa jina. Wa mwisho nusura aondoke na roho yake. Siku ya kumzaa, damu ilikataa kukatika, ikatiririka kitandani mpaka kwenye viatu vya mkunga. Alipozinduka, daktari wa zamu alimwinamia, macho mekundu kwa kukosa usingizi.

"Mama, safari hii tumekupata kwa bahati tu. Ukibeba mimba nyingine sikuahidi kitu. Ni bora ufunge kizazi."

Akakubali hapohapo. Ila hakuwa na nguvu hata ya kukaa, wakamwambia aende nyumbani kwanza, arudi mtoto akishakaza shingo.

Akarudi. Kwenye chumba cha uzazi wa mpango alimkuta mtabibu mwenye miwani, mpole wa sauti, ambaye hata hakumtazama usoni.

"Mume wako yuko wapi?"

"Safarini. Ni dereva wa lori."

"Basi akirudi aje aweke saini."

"Saini ya nini? Kizazi si changu?"

"Mama, ndivyo tunavyofanya. Kesho mkigombana, tutaambiwa sisi ndio tumevunja ndoa ya watu."

Alitoka pale masikio yakimwaka moto. Ndoa ilikuwa na wa kuiogopea. Yeye je?

Mume aliporudi, alimsubiri aoge, ale, ashibe, ndipo akamweleza. Bwana yule alijikuna kisogo.

"Mama watoto, hayo mambo ni mazito."

"Uzito wake naubeba mimi."

"Nielewe basi. Mtu hajui ya kesho. Huenda tukataka mwingine."

"Na nikifa?"

Mume akachukua simu yake, akaanza kuipekuapekua. Hakuwa mtu mbaya. Hakuwahi kumwinulia mkono, na mshahara aliufikisha nyumbani. Ndiyo maana ukimya ule ulimchoma mkewe kupita tusi. Kaulizwa kuhusu uhai wa mtu anayelala ubavuni kwake, naye anatafuta jibu kwenye simu!

"Ngoja nizungumze na baba mkubwa," alisema mwishowe.

Jumapili wakaja. Baba mkubwa, kaka wa marehemu baba mkwe, alikalia kochi kubwa, lile ambalo Mama Pacha alilishona kwa mikono yake akiwa na mimba ya miezi saba. Kando yake wakajipanga shemeji wawili na wifi mmoja. Mama mkwe, aliyekuwa akiishi nao chumba cha nyuma, aliketi karibu na mlango, kanga mabegani, kimya kama kawaida yake. Kwa miaka yote ile Mama Pacha hakuwahi kujua mama huyu yuko upande gani, na siku hiyo alimhesabu na wengine.

Mwenye tumbo hakuitwa. Alikuwa jikoni akichemsha chai ya kikao, akisikia kila neno.

"Uzazi si wa mtu mmoja, ni wa ukoo," baba mkubwa alikuwa akisema. "Wanawake wa siku hizi wamedekezwa na hospitali. Zamani mtu anazaa watoto kumi na wawili, na jioni anakwenda kuteka maji."

Mama Pacha akaibwaga birika juu ya jiko, akatokea sebuleni mikono mitupu.

"Chai hakuna," alisema. "Mnazungumza habari zangu, basi nitazameni. Damu ile ilipomwagika, ukoo ulikuwa wapi? Nani kati yenu alipungukiwa hata tone?"

"Unaona?" wifi akadakia. "Hana adabu!"

"Mwacheni," ilisema sauti kutoka mlangoni.

Wote wakageuka. Mama mkwe alikuwa amesimama.

"Shemeji," alimwambia baba mkubwa, "hao waliokwenda kuteka maji ni wale waliobaki hai. Mke mwenzangu hakwenda kuteka maji. Tulimzika na mtoto wake tumboni. Na wewe ndiye uliyemtafutia ndugu yako mke mwingine kabla udongo wa kaburi haujakauka. Mimi nimezaa tisa. Hakuna siku mtu alinikalisha akaniuliza kama nataka. Wa tisa nilimzaa nikiwa nimeshawaaga watoto wangu wengine, maana nilijua siamki."

Kisha akamtazama mwanawe. "Wa tisa ni wewe. Na leo umemwitia mkeo kikao?"

Baba mkubwa alitafuta kofia yake, akaikuta kichwani.

Asubuhi yake, mama mkwe na mkwewe wakaongozana hospitali. Mtabibu ni yuleyule, na swali ni lilelile: mume yuko wapi?

"Huyo mume nimemzaa mimi," bibi alisema. "Unataka saini ya mtoto, na mama yake amesimama mbele yako?"

Wanawake waliokuwa kwenye benchi wakaangua kicheko. Kelele zikamtoa ofisini daktari mkuu wa wodi ya wazazi, mwanamke wa makamo. Akasikiliza pande zote mbili, akamgeukia mtabibu.

"Sheria inayodai saini ya mume iko wapi?"

Mtabibu akavua miwani, akaifuta. "Daktari, tumezoea tu..."

Wamezoea! Miezi yote ile Mama Pacha alikuwa akilala kwa hofu pembeni ya mumewe, akisingizia kichwa, akisingizia mtoto kulia, kumbe anazuiwa na mazoea. Alitaka kucheka, akashindwa. Alitaka kuuliza ni wangapi waliorudishwa majumbani kwa mazoea hayo, na wangapi kati yao wamezikwa. Akauliza. Safari hii mtabibu alimtazama usoni.

Alifanyiwa upasuaji mdogo siku hiyohiyo. Mama mkwe alimsubiri nje akiwa na mtoto mapajani.

Mume alinuna juma zima, kisha akachoka kununa. Akaanza kuogesha watoto, akatandika vitanda vibaya vibaya. Jioni moja akamkuta mkewe barazani akichambua mboga, akachuchumaa kando yake.

"Mama watoto, umenisamehe?"

Alimpa fungu la mboga naye achambue.

"Bado," alisema.