Stesheni Aliyoitawala Baba

Nilikwenda London kwa sababu ya picha moja. Imetundikwa ukumbini kwetu Mlandege, Unguja, tangu nina meno ya utoto: baba yangu kavaa suti, kasimama mbele ya jumba lenye mnara wa saa na ngazi za mawe. Mgongoni mwa picha kaandika, "Stesheni ya Broad Street. Hapa mkubwa ni mimi." Kabla ya Mapinduzi alikuwa karani wa serikali, kalamu haimtoki mfukoni. Baada ya Mapinduzi akaondoka, akaahidi kutuchukua mwakani. Picha ilifika kwa posta, mwakani hiyo haikufika. Alifia huko huko, akazikwa huko huko.

Miaka michache nyuma, macho ya mama yalipoanza kufifia, aliniita. "Maryamu, nenda kaniangalilie alikokaa baba yako. Nataka kujua kwa nini hakutuita." Mimi jibu nilikuwa nalo tayari: kapata ukubwa, katusahau. Nilikwenda kutafuta ushahidi tu.

Uwanja wa ndege wa London, afisa mmoja wa pasipoti aliniuliza nimekuja kufanya nini. Nikamwambia nimekuja kuangalia stesheni. Ipi? Nikamtajia. Hajapata kuisikia! Kazaliwa huko huko, kalelewa huko huko, mimi wa Mlandege ndiye naijua.

Hayes, pembeni mwa London, nilipokewa na mpwa wangu Salma, binti wa binamu yangu, anayefanya kazi kwenye ghala karibu na uwanja wa ndege. Nyumba yake, mlango wa choo ukifunguka, wa jiko lazima ufungwe. Mwanawe nikimsalimia kwa Kiswahili ananijibu kwa Kiingereza, na mama yake anatabasamu kama kapewa zawadi. Nilipomwonesha nakala ya ile picha, Salma alishika shavu.

"Shangazi, hii stesheni haipo. Ilivunjwa zamani."

"Stesheni huvunjwa?"

"Waliivunja wakajenga maofisi."

Lo! Watu hawa ukitembea nao mjini watakuonesha kitanda alicholalia mfalme na kijiko alichokorogea chai. Jumba zima wakaona halina maana.

Asubuhi yake tulishuka stesheni ya Liverpool Street, maana stesheni ya baba ilikuwa pua na mdomo na ile. Nikatafuta mnara wa saa, nikaona vioo. Nikatafuta ngazi, nikaona vioo vingine. Katikati wametengeneza uwanja wa barafu, na watu wazima, wenye akili zao na kazi zao, wanalipa kiingilio wapate kuanguka. Nilikaa kwenye kizingiti kupumzisha magoti, akaja mlinzi kuniambia hapakaliwi. Nikamwambia kwa Kiswahili, baba yangu alikuwa mkubwa wa hapa. Salma akanivuta mkono.

Mchana Salma alimkumbuka mzee mmoja wa mtaa wa Kingsbury anayemuuzia unga wa dengu, Manubhai, mtoto wa Darajani kwetu Unguja. Alipata kusema kwamba ujanani aliuza chai na magazeti juu kwenye stesheni hiyo hiyo. Tukamkuta nyuma ya kaunta, kajifunga shali. Nilipotaja jina la baba na yale aliyoandika mgongoni mwa picha, aliinuka.

"Wewe binti wa Bwana Hamadi? Karibu, dada, karibu sana."

Alitupa chai ya tangawizi, akaanza hadithi. "Enzi zake ilikuwa stesheni hasa. Treni zikipita juu ya matao ya matofali, unachungulia madirisha ya watu ghorofani. Mabasi na treni za chini zikaja kuwachukua abiria. Vita vikaja na mabomu yake. Sisi tulipofika ilikuwa mgonjwa tayari. Hata paa waliling'oa, mvua ikinyesha nalowa mimi na magazeti yangu."

"Na baba yangu alikuwa na ofisi wapi?"

Manubhai aliangalia kikombe chake. "Ofisi gani, dada? Bwana Hamadi alikuwa akifagia."

Salma akajifanya anaangalia mitungi ya achari.

"Lakini hakusema uwongo," Manubhai akaendelea. "Wenzake walipungua mmoja mmoja. Siku za mwisho, zamu yake akiwa pale, anafagia yeye, anapokea tiketi yeye, anafunga geti yeye. Mkubwa yeye, mdogo yeye. Nikimwambia amlete mkewe, ananijibu, 'Bi Zuwena ananijua na kalamu. Siku nikiipata tena kalamu, nitamwita.' Akiomba kazi za ukarani, hapati. Stesheni ikafungwa, na yeye hakuishi sana."

Khaa! Mtu aache mke na mtoto kwa ajili ya kalamu! Kutoka Kingsbury mpaka Hayes nilimgombeza baba yangu moyoni, Mwenyezi Mungu anisamehe, na wiki nzima iliyobaki sikuona London chochote cha kunipendeza.

Nilirudi Unguja siku ya Alkhamisi. Mama nilimkuta ukumbini, nikamwambia hata baibui sijalivua.

"Mama, hakuwa mkubwa. Alikuwa mfagiaji."

"Hilo nalijua," akasema. "Nimekuuliza kwa nini hakutuita."

Nilikaa chini. "Aliona haya."

Akaniambia niiteremshe ile picha, niitoe kwenye fremu. Nikaitoa. Ukingoni, pale ambapo mbao ilikuwa imepafunika miaka yote, palikuwa na ufagio umeegemezwa ukutani, hatua moja kutoka kwenye suti ya baba.

"Fundi wa fremu nilimwambia mimi aufiche," mama akasema. "Baba yako hakujua kama umetokea pichani."

"Si ungemwandikia, mama! Ungemwambia umeuona, na unakuja hivyo hivyo!"

"Na mimi niliona haya, Maryamu. Nilichelea kumvunjia heshima."

Alipapasa ukingo wa picha mpaka kidole kikafika pale penye ufagio, akakiacha hapo.

"Itundike hivyo hivyo," akasema. "Fremu katupe."