Dawa Mbili kwa Bafu Moja

Mwanangu, kuna asubuhi moja nikiikumbuka nacheka peke yangu, halafu naacha kucheka. Tulikuwa tumehamia Noonkopir juzi tu, na mama mkwe anakuja kutoka Nyeri kuona nyumba kwa mara ya kwanza. Maji yetu ya kisima unayajua, chumvi tupu. Ile saruji ya katikati ya tailsi, mafundi huita grauti, ilikuwa imegeuka rangi ya chai bafu nzima. Nikasema, huyu mama hanipati hivi, ng'o!

Nikamwaga asidi, ile dawa ya choo. Ikachemka, madoa yakabaki. Nikachukua dawa ya kung'arisha nguo nyeupe. Si zote ni dawa? Moja ikishindwa, mbili si zitamaliza maneno? Nikamwaga hapo hapo juu yake. Dirisha nalo nilikuwa nimefunga, vumbi lisiingie.

Weh! Harufu ilinikaba koo. Macho yanatoka maji, kifua kinakataa pumzi, na mtoto wangu amelala chumba cha pili. Nikajaribu kuita, sauti haitoki.

Mama mkwe aliingia wakati huo huo. Hata hakusalimia. Alitupa mlangoni kiondo, kile kikapu chake cha kusuka, kilichojaa nduma, akambeba mtoto, akanivuta kwa leso mpaka nje. Na mimi, kichwa ngumu, nataka kurudi nimalize kusugua!

"Wewe! Hata ng'ombe wangu siwachanganyii dawa!"

"Nilitaka ukute pako safi, mum."

"Nimekuja kumshika mjukuu wangu. Nani amekwambia nimekuja kukagua bafu?"

Nililia, mwanangu. Tukapeleka vifua vyetu kliniki, daktari akasema tuko sawa, na tukicheka sasa, tukaacha milango wazi, tukaenda kunywa chai kwa jirani mpaka nyumba ikapata hewa.

Basi sikia. Dawa ni jina tu. Ya choo na ya nguo zisikutane hata siku moja. Anza na magadi na brashi ngumu. Ikibidi asidi, itie kwenye maji mengi, usitie maji kwenye asidi. Vaa glavu, fungua dirisha, vumbi liingie likitaka, watoto wakae nje, kisha suuza sana. Ikikushika koo, toka, usirudi kumaliza. Na doa likikataa kabisa, liache hapo, halijaua mtu.

Mungu akujalie nyumba ya kuchafuliwa na wageni wengi, na pumzi ya kutosha kuwakaribisha.